Picha ya Mfalme: Je, Yasema Kweli?

Mwaka uliopita palitokea mashindano ya maneno katika baraza la wazee wa usharika wetu, nayo yalikuwa kwa habari ya picha. Wazee walikuwa wamekubaliana kumwekea ukumbusho mchungaji mzee aliyehudumu hapa miaka mingi kabla yetu, ambaye sasa amelala. Wakachanga fedha, wakampelekea mchoraji wa mjini picha ndogo iliyopigwa kwa kamera, wakamwagiza aichore upya, kubwa na ya rangi, itundikwe katika ofisi ya usharika. Picha ilipoletwa watu waliifurahia. Mzee wetu amesimama wima katika joho lake jeusi, kitabu mkononi, na macho yake mawili yang'aa, yamtazama kila aingiaye. Lakini sisi tuliomjua twakumbuka ya kwamba miaka yake saba ya mwisho mzee yule alikuwa kipofu, na ile picha ya kamera ilipigwa katika miaka hiyo. Macho yale mchoraji hakuyaona katika picha aliyopewa. Aliagizwa ayafungue.

Mzee mmoja wa baraza akasema, "Hiyo si picha, huo ni uongo wa rangi." Mwingine akamjibu, "Tunamheshimu mchungaji, hatuheshimu ugonjwa wake. Watoto wetu na wamwone kama alivyokuwa siku za nguvu zake." Kila mmoja akapata watu wa kumwunga mkono. Nasi tuliokalia kiti cha mwenyekiti tuliombwa kukata shauri, tukashindwa. Tukaomba tupewe mwezi mmoja tufikiri.

Katika mwezi ule tulirudia vitabu vyetu, tukasoma habari za picha za wafalme. Pengine msomaji atashangaa, akiuliza, Wafalme wa Ulaya wana nini na ofisi ya usharika? Lakini neno lililo dogo huonekana kwa taabu, na likiwekwa juu ya mtu mkubwa laonekana na wote. Kama yuko mtu ambaye wachoraji wamejaribiwa kumchora kuliko alivyo, mtu huyo ni mfalme aliye hai, akaaye katika kiti chake, mwenye kulipa na mwenye kuadhibu. Kwa hiyo tulichagua picha moja iliyo maarufu kuliko nyingi, tukaitazama polepole.

Mwishoni mwa mwaka 1700 kijana mmoja jina lake Philippe, mjukuu wa Mfalme Louis wa 14 wa Ufaransa, aliondoka Versailles kwenda Hispania ili awe mfalme wa nchi hiyo. Akatamani kuwa na sura ya babu yake huko aendako. Kazi akapewa Hyacinthe Rigaud, mzaliwa wa Perpignan, aliyekuwa fundi mkubwa wa kuchora sura za watu wenye cheo, naye akaifanya katika mwaka 1701. Lakini mfalme alipoiona aliipenda mno hata asikubali kuachana nayo. Akaamuru ifanywe nakala, na ile ya asili akaishika mwenyewe. Leo ile ya asili imo katika jumba la makumbusho la Louvre, mjini Paris. Kimo chake ni sentimita 277 na upana wake 194, ni kusema, yapita kimo cha milango ya nyumba zetu nyingi.

Humo mfalme amesimama chini ya pazia kubwa jekundu, na nyuma yake kiti cha enzi. Amevaa joho la kutawazwa, la mahameli ya buluu yaliyotariziwa maua ya mayungiyungi ya dhahabu, na ndani limetiwa manyoya meupe ya mnyama mdogo wa nchi za baridi. Kichwani ana nywele za bandia, nyeusi, zilizopanda juu na kushuka mabegani. Kiunoni pana upanga wa kutawazwa wafalme wa Ufaransa. Taji imewekwa juu ya mto kando yake. Fimbo ya enzi ameishika kichwa chini, akiiegemea kama mtu aegemeavyo mkongojo wake wa matembezi, kana kwamba anasema, Ninyi mwaiogopa fimbo hii, lakini mimi nimeizoea. Tena joho limesukumwa nyuma upande mmoja, ili miguu yake ionekane: soksi ndefu nyeupe za hariri, na viatu vyenye visigino vyekundu virefu. Miguu yenyewe ni mizuri, imenyoka, imesimama kama ya mcheza ngoma anayengoja zumari ianze.

Basi hapo ndipo penye neno. Mfalme huyo alizaliwa Septemba 1638. Picha ilipochorwa alikuwa akielekea miaka 63, na tayari alikuwa akiugua jongo, ugonjwa ule uumizao viungo vya miguu. Ni kweli alikuwa mcheza ngoma. Mwaka 1653, akiwa kijana wa miaka 14, alicheza mbele ya watu wa ikulu amevaa mavazi ya Jua, hata sifa ile ya Jua ikamfuata maisha yake yote. Lakini miguu iliyo katika picha ni ya yule kijana, wala si ya mzee aliyesimama mbele ya Rigaud.

Sasa inua macho uutazame uso. Uso huo haukufanywa kijana. Mashavu yamelegea, ngozi ya chini ya macho imeshuka, na mdomo umeingia ndani kama wa mtu asiye na meno. Ndivyo ilivyokuwa, maana katika mwaka 1685 madaktari walimng'oa meno ya taya la juu, wakamharibu na kaakaa. Tena yasemwa na wajuzi ya kwamba Rigaud aliuchora uso juu ya kipande kidogo cha kitambaa, huku mfalme yuko mbele yake, halafu kipande kile kikaunganishwa katika kitambaa kikubwa chenye joho na pazia. Basi katika picha moja mna picha mbili: uso ulio wa mtu, na vilivyobaki vilivyo vya cheo. Na mshono upo kati yao, ijapokuwa atazamaye hauoni.

Ndugu msomaji, tusiharakishe kumhukumu mchoraji. Na tumsikilize kwanza mwenye kumtetea. Huyo atasema hivi: Mfalme si mtu tu, ni kazi. Mtu huzeeka, cheo hakizeeki. Louis alianza kutawala mwaka 1643 akiwa mtoto mdogo wa miaka minne, akafa mwaka 1715 mzee, yaani miaka 72, lakini ufalme ule ulikuwa mmoja siku zote. Picha ya namna hii haikuchorwa ili watu wajue mfalme ana maumivu gani. Ilichorwa isimame mahali ambapo yeye mwenyewe hawezi kusimama. Katika siku zile hapakuwa na njia nyingine ya mfalme kuwapo Madrid na Versailles kwa saa moja. Picha zilipelekwa kwa jamaa wa kifalme na kwa mabalozi, zikatundikwa katika kumbi, na mbele yake watu walijua kwamba maneno yanayonenwa pale yananenwa kwa mamlaka fulani. Wala desturi hiyo si ya kigeni kwetu. Ingia leo katika ofisi ya serikali, hata iliyo ndogo huko kijijini, utaiona picha ya Rais ukutani. Hakuna aitazamaye ili ajue kama Rais alilala vema jana. Yamwambia mwananchi, Hapa pana sheria, wala huyu karani si mwenye nyumba.

Maneno hayo yana kweli ndani yake, wala hatuwezi kuyatupa. Sisi wenyewe twavaa joho siku ya ibada, na joho halisemi uongo. Halisemi ya kwamba aliyelivaa ni mtu bora kuliko wanaoketi mbele yake. Lasema, Saa hii huyu hasemi ya kwake. Mtu akifika mbele ya watu na nguo zake za shambani ili kuonyesha unyenyekevu, pengine anawataka wamtazame yeye kuliko kazi. Basi mavazi ya cheo yaweza kuwa ya kweli, nayo yaweza kumfunika mtu kwa faida ya wote.

Lakini na tumsikilize na yule wa pili, mwenye kushitaki. Huyo hasemi habari ya soksi wala visigino. Anauliza, Ni nani wasioonekana katika picha? Miaka minane kabla ya Rigaud kuanza kazi, mavuno ya Ufaransa yaliharibika, na katika miaka ya 1693 na 1694 njaa ikaingia, huku kodi za vita zikidaiwa. Wanahistoria hukadiria ya kwamba watu zaidi ya milioni moja walikufa kwa njaa na kwa maradhi yaliyofuata. Tena mwaka 1685, mwaka ule ule wa meno, mfalme alifuta amri ya babu yake iliyowapa Waprotestanti wa Ufaransa ruhusa ya kuabudu. Makanisa yao yakabomolewa, wachungaji wao wakafukuzwa, na maelfu mengi ya watu wakatoroka kwa siri, wakiacha nyumba na mashamba. Wengine walipokewa Brandenburg na Uholanzi na Uingereza. Wachache wakavuka bahari mpaka Rasi ya Tumaini Jema katika mwaka 1688, na hata leo majina yao ya ukoo yapo Afrika ya Kusini. Nayo picha, katika kitako cha nguzo upande mmoja, imechorwa mwanamke mwenye mizani, ndiye Haki. Amechorwa mdogo, katika kivuli, nyuma ya lile joho.

Hapo tuliona ya kwamba uongo wa picha, kama upo, hauko miguuni. Mzee kupewa miguu ya ujana ni neno dogo, na pengine waliomwona kila siku walicheka kimoyomoyo. Uongo ulio mzito ni kumpa mtu picha ambayo ndani yake hapana mtu mwingine ye yote, akaipenda, akakataa kuachana nayo. Mwenye kutazama kila siku sura yake isiyoumwa, itamwia vigumu kuamini ya kwamba wengine wanaumwa. Picha iliyokusudiwa kumwonya mjukuu juu ya ukubwa wa kazi, yamkini ikawa kioo cha kumsifu babu. Na mwaka ule ule wa 1701 vita vikaanza kwa ajili ya kiti cha Hispania, vikaendelea mpaka 1714.

Yuko na mshitaki wa tatu, ndiye mwenye kudhihaki. Mwaka 1840 mwandishi Mwingereza Thackeray aliichezea picha hii ya Rigaud. Alichora vitu vitatu kwa safu: kwanza mavazi ya mfalme yamesimama peke yake, joho na nywele na viatu, pasipo mtu, pili kizee kifupi chenye upara na tumbo, pasipo mavazi ya enzi, tatu, huyo kizee ndani ya mavazi yale, na tazama, ni Mfalme Mkuu. Watu walicheka, nasi pia tulicheka. Lakini tulipokwisha kucheka tukajiuliza, Je, kile kizee cha katikati ndicho kweli yenyewe? Thackeray hakumwona Louis. Alikuwa amekufa zaidi ya miaka mia. Kizee kile nacho kimetungwa, tena kimetungwa kwa kusudi. Mwenye kudhihaki humvua mtu nguo kisha atwambia, Huyu ndiye. Lakini mtu si upara wake tu, kama vile asivyo joho lake tu. Yatupasa kulikumbuka neno hilo katika siku hizi, ambazo kila mtu aweza kumpiga mwenzake picha saa ya aibu yake na kuieneza kabla ya jua kuchwa. Dhihaka hupenda kujiita kweli. Sifa nyingi nazo hujiita heshima. Zote mbili zinamkwepa mtu mwenyewe.

Basi yawezekana kumchora mfalme pasipo sifa na pasipo dhihaka? Miaka 300 kamili baada ya Rigaud, alijaribu mtu mwingine. Lucian Freud, aliyezaliwa Berlin mwaka 1922 na kuhamia Uingereza na jamaa zake, alimchora Malkia Elizabeth wa Pili kati ya mwaka 2000 na 2001. Malkia huyo si mgeni katika habari zetu za Afrika Mashariki. Alikuwa Kenya siku ile ya Februari 6, 1952, baba yake alipofariki, naye akawa malkia akiwa huku. Baadaye stempu zenye kichwa chake zilibandikwa katika barua za Kenya, Uganda na Tanganyika. Katika stempu alikuwa kijana, shingo ndefu, taji kichwani, naye hakukunja uso. Aliendelea kutawala mpaka Septemba 8, 2022, miaka 70.

Alipokaa mbele ya Freud alikuwa na umri wa miaka zaidi ya 70. Picha iliyotoka ni ndogo mno, kimo chake kama sentimita 24 na upana wake kama 15, yaani si kubwa kuliko ukurasa wa kitabu. Hamna joho wala kiti wala pazia. Ni uso tu, uliojengwa kwa rangi nzito kama udongo wa kukandika, taya zito, midomo imefungwa, macho ya mtu aliyechoka na asiyeomba ruhusa ya kupumzika. Baadhi ya magazeti ya Uingereza yaliidhihaki, yakasema malkia ametukanwa. Wengine walisema ya kwamba hapo kwa mara ya kwanza wameona uzito wa kazi yake. Mwenyewe aliipokea kama zawadi, nayo imewekwa katika hazina ya picha za kifalme.

Lakini liko jambo moja dogo katika kazi hiyo lililotufundisha kuliko mengine. Mchoraji huyu, aliyejulikana kwa kuwachora watu kama walivyo pasipo huruma, hakumwacha malkia kichwa kitupu. Alimvika taji ya almasi, ile ile ambayo watu waliizoea katika stempu. Na nafasi ilipokuwa haitoshi, aliongeza kipande juu ya kitambaa ili taji ipate mahali. Kwa nini? Twadhani ni kwa sababu aliona ya kwamba pasipo taji kweli ingepungua. Angekuwa amechora bibi mzee aliyechoka, nao ni wengi. Lakini uchovu huu ulikuwa wa kazi fulani, na pasipo kuionyesha kazi, hata uchovu usingeeleweka. Basi tazama jinsi wale wawili walivyokutana wasipojuana. Rigaud alianza na cheo, akalazimika kutia uso wa kweli. Freud alianza na uso, akalazimika kutia taji. Na picha zote mbili zina mshono.

Kwa hiyo twathubutu kusema ya kwamba swali letu la kwanza halikuulizwa vema. Tuliuliza, Je, yafaa kumchora mtu kuliko alivyo? Lakini kila mtu mwenye kazi ni wawili kwa namna fulani, mwenye kuitwa na kile alichoitiwa. Kukichora kile alichoitiwa si uongo. Uongo waanza pale kinapotumika kuficha. Swali lifaalo ni hili: Kitu hiki kilichofichwa, kimefichwa kwa faida ya nani, na ni nani atakayeumia kwa kufichwa kwake?

Mwisho wa Louis wa 14 wafaa kusimuliwa hapa, maana ni picha yake ya mwisho, wala Rigaud hakuichora. Mwezi wa Agosti 1715 mguu wake wa kushoto ulianza kuuma. Madaktari kwanza walidhani ni maumivu ya mshipa. Baadaye mguu ukawa mweusi: ulikuwa donda ndugu. Mguu ule ule uliovutiwa joho upande ili dunia iutazame, sasa ulimwoza akiwa hai. Wahenga walisema, Mficha maradhi kilio humwumbua. Lakini mzee yule katika siku zake za mwisho alifanya jambo ambalo twalihesabu kuwa la kifalme kuliko picha yote. Alimwita kitukuu chake, mtoto wa miaka mitano, aliyekuwa karibu kuurithi ufalme, akamwambia mbele ya watu ya kwamba asimfuate katika kupenda kwake majengo na vita, bali ajitahidi kukaa kwa amani na jirani zake na kuwapunguzia watu wake mzigo, jambo ambalo yeye mwenyewe hakulifanya. Akafa Septemba 1. Ufalme wa Ufaransa ukavunjwa mwaka 1792, na picha yake ikaishi kuliko ufalme.

Twajua ya kwamba maneno ya kitandani hayakuwafufua waliokufa kwa njaa, wala hayakuwarudisha waliokimbia. Lakini hapo mfalme alijichora mwenyewe, tena alimtia mtu mwingine ndani ya picha, yaani watu wake. Wakatekista wanaofundisha habari za Mfalme Daudi wataona mara moja ya kwamba Nathani naye alifanya kazi ya mchoraji. Alimchorea mfalme mtu mwovu katika hadithi ya kondoo, mfalme akaikasirikia picha ile kabla hajajua kuwa ni yake.

Sasa turudi katika ofisi yetu. Mwezi ulipokwisha tulikwenda kwanza kwa mjane wa mchungaji mzee, maana katika mashindano yote yale hakuna aliyekuwa amemwuliza. Tulimkuta uani akichambua maharage. Tukamwamkia, "Shikamoo, mama." Akaitikia, akatupa kiti. Tukamweleza shauri lote, tukimtajia na maneno ya wazee wa pande zote mbili. Akanyamaza kitambo, mikono yake ikiendelea na kazi. Kisha akasema, "Joho liacheni, mwanangu. Ni la kazi yake, na mimi ndimi niliyekuwa nikilifua. Lakini macho ni yake. Nilimshika mkono miaka saba njia ya kanisani, na katika njia ile watu walinong'ona ya kwamba tumelaaniwa, ndiyo maana haoni. Yeye alisikia, akaendelea kufundisha. Mkiyafungua macho yake sasa, mtakuwa mmekubaliana na wale walionong'ona. Mtakuwa mmesema ilikuwa aibu."

Hatukuwa na jibu. Tulikuwa tumesoma habari za wafalme mwezi mzima, na mama yule alikuwa ameona mshono uko wapi pasipo kusoma. Joho ni la kazi, macho ni ya mtu. Nasi tukakumbuka ya kwamba katika vijiji vyetu ziko nyumba ambazo mtoto asiyeona hufichwa ndani wageni wakija. Mtoto wa namna hiyo ndiye ambaye angeumizwa na picha yetu nzuri. Hata kama hawezi kuiona, angeambiwa na wengine kwamba mchungaji mkubwa alikuwa na macho mazuri, naye angezidi kuamini ya kwamba wakubwa hawafanani naye.

Tulilipeleka neno hilo barazani. Wengi walikubali, wala si wote. Picha ikarudishwa mjini, mchoraji akayafunga macho kama yalivyokuwa katika picha ya kamera, na joho akaliacha kama lilivyo. Sasa imetundikwa. Yule mzee aliyesema hatuheshimu ugonjwa hajaridhika hata leo, na kila aingiapo ofisini hukaa akiipa picha mgongo. Hatumlaumu. Alimpenda mchungaji wake kwa namna yake, akataka kumpa kitu bora alichokijua. Mapenzi ndiyo yaliyomwongoza Rigaud pia, pengine, mkono wake ulipofika miguuni.

Ninyi wakatekista na wazee mnaosoma ukurasa huu, si wengi miongoni mwenu mtakaoagiza picha ya rangi. Lakini karibu kila mwezi mwaagizwa kuandika wasifu wa marehemu na kuusoma kaburini, nao ni picha. Watu wa nyumbani watawaambia, Andika mazuri tu. Maadui watawanong'oneza mengine. Yaandikeni ya kazi yake kwa heshima yote inayostahili kazi, maana si uongo. Lakini kabla hamjalifungua jicho lililokuwa limefumba, ulizeni kwanza mtu aliyemshika mkono. Na kama palikuwa na wengine waliolia kwa sababu yake, msichore picha ambayo ndani yake hawamo. Si lazima kuwataja wote. Yatosha wakisimama pale kaburini, wakisikiliza, wasiambiwe kwa maneno yenu ya kwamba machozi yao hayakuwapo.